Zaburi Iliyopenya Ukutani

Alizaliwa mwaka 1889 katika kijiji cha Kotli Lalian, wilaya ya Sialkoti, katika ukoo wa waimbaji uliompokea Kristo bila kuziacha raga zake, zile tuni za jadi za Kihindi. Wazazi walimwita Bhagan. Wanawake wa ukoo huo walialikwa harusini kuwaimbia wakwe kejeli, na Bhagan, angali mdogo, aliyaimba masharubu ya bwana harusi mmoja mpaka mwenyewe akayafunika kwa kilemba. Basi waumini wasidhani utakatifu ulimjia akiwa amenuna.

Baba yake, mzee Jhanda, aliongoza zaburi ya alfajiri kanisani kwa lahani ya mababu. Lahani hiyo walifundishwa wana wa kiume tu, kwani binti huolewa akaondoka nayo. Mwana alikuwa mmoja, Fazla, kijana mwema, ila akiimba nyati wa maziwa hugoma kukamuliwa. Bhagan alikaa upande wa pili wa ukuta akikanda unga wa chapati. Na unga wa nyumba ile, Mungu asifiwe, ulikandwa kuliko wote kijijini.

Mwaka 1908, wiki ya harusi ya Bhagan, Jhanda aliugua kifua. Binti alikuwa akiolewa Dhariwali, kwa waimbaji mahasimu. Akinyamaza, zaburi itazikwa na baba. Akiimba, amekiri wizi. Alfajiri moja mgonjwa aliianza, sauti ikakatika. Bhagan akaidaka palepale, akaimba hadi mwisho, mikono imejaa unga.

“Mwizi wewe, nani kakufundisha?”

“Ukuta, baba.”

“Ukuta wangu mwenyewe! Kila mwaka naupaka udongo, kumbe unanisaliti.” Akacheka mpaka akakohoa. “Leteni uzi.”

Fazla akaruka. “Baba! Ataipeleka kwa wale kunguru wa Dhariwali!”

“Kunguru wakimwimbia Mungu, wewe unaumia wapi?” Akamfunga binti uzi mwekundu mkononi, kama mwalimu amfungavyo mwanafunzi aliyemkubali. “Nenda nayo, mwanangu. Ila huko usijenge ukuta.”

Bhagan alitii. Huko Dhariwali alimfundisha kila aliyefika mlangoni, wafagiaji, wajane, hata mahasimu. Wazee wa kanisa walipomkataza kuongoza, alikaa nyuma na wanawake akaianzia huko; wa mbele wakajikuta wanafuata.

Alilala katika Bwana mwaka 1961. Husemwa njiwa walinyamaza kumsikiliza akiimba. Njiwa wenyewe hawakuulizwa. Lakini jambo hili lina mashahidi: mazikoni Fazla, mzee sasa, aliimba zaburi ile yote, na jioni nyati walitoa maziwa.

Tumshukuru Mungu kwa ajili yake. Na anayetaka kumfuata aache mlango wazi, aimbe, hata kama sauti aliyopewa ni ya Fazla.