Siku Kitabu cha Wageni Kilipotoa Ushahidi Lushoto

Nilifunga duka langu la ushonaji Tanga kwa siku nne kwa sababu ya simu ya shangazi yangu Naomi, mkulima wa viazi Shume. Mahakama ilikuwa imeamuru shamba lake lisiguswe mpaka kesi yake ya umiliki na mamlaka moja ya serikali iishe. Watu wa mamlaka hiyo wakaja hivyo hivyo, wakasimika bikoni za mpaka na kumkataza kulima. Sasa amewashtaki kwa kudharau amri, na mvua zimekaribia. "Nikikosa msimu huu nimekwisha," alisema. "Njoo tu ukae karibu yangu."

Saa sita mchana nilikuwa Mombo, kwenye joto la kukaanga mtu. Nikabadilisha gari, tukaanza kupanda kona, na kila kona baridi ikaongezeka. Nilivaa sweta huku nacheka peke yangu. Jamani, milima ile naipenda! Kabichi zimepandwa kwenye miteremko ambayo mimi hata kusimama nisingethubutu.

Shangazi alinipokea stendi ya Lushoto, kavaa gauni lake la kanisani.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Mbona umekonda? Huko Tanga hamli?"

Kesho yake saa tatu asubuhi tuliingia mahakamani. Afisa aliyeongoza kazi ile, suti imenyooka, alisema amri aliipata, ila bikoni zilishasimikwa kabla, na tangu aipate hajakanyaga Shume. Nilichoka kabisa. Nani ataamini neno la mama wa viazi mbele ya suti ile?

Ndipo akaitwa mtendaji wa kijiji, kashika kitabu cha wageni cha ofisi yake. Mtumishi wa umma wa nchi hii, ukimwekea kitabu cha wageni mezani, kalamu anatoa mwenyewe. Hakimu akasoma: tarehe, wiki mbili baada ya amri kupokelewa. Jina, cheo, saini. Sababu ya kuja: "Kusimika bikoni, shamba la Bi Naomi." Maoni: "Nimepokewa vizuri."

"Mwandiko huu ni wa nani?"

"Ni wangu, mheshimiwa."

Nilijiziba mdomo kwa kanga. Hakimu alimwona ana hatia, akampa siku mbili azing'oe bikoni zote, la sivyo jela.

Siku ya pili, Shume, afisa alifika na vibarua, safari hii kavaa gambuti. "Shikamoo, mama," alisema, macho chini.

"Marahaba. Anzieni kule juu, ndiko nitakakopanda kwanza."

Asubuhi ya kurudi nilimkuta shangazi shambani tayari, anafukia mbegu huku anaimba. Nilikuwa nimejifunza kwamba amri ya mahakama hailindi shamba mpaka mwenye shamba akubali kuisimamia. Lakini hofu haikuniisha, kwa kuwa kesi yenyewe ya umiliki bado ipo.

"Na ukishindwa, shangazi?"

"Kesi imepangwa baada ya miezi mitano," alisema bila kuinuka. "Viazi vinakomaa kwa mitatu."