Bei ya Hiari

Usile riba, wala usimlishe mwenzio riba. Hiyo ndiyo sheria aliyoishika Nassibu, fundi seremala wa Ipuli mjini Tabora, tangu alipoanza kupiga randa kwa kazi yake mwenyewe, na hakuishika kimyakimya. Aliishika kama mtu ashikavyo bakora: ya kutembelea yeye, na ya kuwachapia wengine. Karani wa posta alipomwambia kwamba akiba yake imezaa shilingi nne na senti kadhaa, Nassibu alizirudisha chini ya wavu kwa kidole kimoja, kama anayesukuma mende.

"Sasa hizi nizipeleke wapi, fundi? Hesabu yangu haitakaa sawa."

"Mpelekee iblisi. Anwani yake unayo wewe."

Waliokuwa kwenye foleni walicheka, na maneno yale yakafika mtaa wa Mtendeni kabla mwenyewe hajafika nyumbani. Nassibu alipenda yafike.

Nyumba yake ilikuwa ya miti na udongo, vyumba vinne, imesimama kwenye kiwanja alichorithi kwa baba yake. Mwaka 1968, mvua zilipokuwa zikielekea kwisha, ukuta wa nyuma uliloa hadi ukachoka. Ulianguka asubuhi wakati mkewe, Tatu, ameinuka tu kutoka mekoni kwenda kuchukua chumvi. Uji, mafiga na sufuria vikazikwa pamoja.

"Leo umeangukia sufuria," Tatu alimwambia huku akijipangusa vumbi usoni. "Kesho utaniangukia mimi, baba Siwema. Sufuria utanunua nyingine."

Siku ile Nassibu aliapa kujenga kwa matofali ya kuchoma na kuezeka mabati. Mbao alikuwa nazo, mikono alikuwa nayo. Kilichopungua kilikuwa shilingi elfu mbili, na elfu mbili kwa fundi wa vitanda ni fedha ambayo huisikia ikipita kwa wengine.

Haikupita muda, akaja afisa wa shirika moja la kukopesha fedha za nyumba, akawakusanya watu katika jumba la mikutano. Ilikuwa ndiyo miaka ya Azimio. Kila mtu alikuwa ndugu, na afisa yule alimwita ndugu hata mzee aliyemzidi baba yake. Akaeleza taratibu. Anayekopa elfu mbili atalipa shilingi ishirini na tano kila mwezi kwa miaka kumi. Ndani ya ile ishirini na tano mna riba, na mna kipande cha deni lenyewe. "Kila mwezi deni linamegeka kidogo," alisema. "Mwezi wa mwisho ukilipa, umemaliza. Hati unachukua, unakwenda zako."

Nassibu alisimama. "Ndugu afisa, ukinipa elfu mbili nikakurudishia elfu tatu, hiyo elfu ya tatu inaitwaje kwenu?"

"Riba, ndugu. Sikuificha."

"Basi ahsante kwa kutoificha. Wengine sisi tunamwogopa Mungu."

Alitoka akipigiwa makofi. Mlangoni alipishana na jirani yake Eustace, karani wa reli, Mkatoliki wa watu, aliyekuwa akienda mbele kuandikisha jina lake.

"Na mimi namwogopa nani, jirani?" Eustace alimuuliza akicheka. "Stesheni masta?"

Sasa, mtu aliyeufunga mlango mbele ya mkutano mzima hawezi kuurudia kuugonga. Lakini mvua za mwaka mwingine zingekuja, ukuta haukuwapo, na Tatu alikuwa akipikia chini ya mkeka. Nassibu akaenda Mtendeni kwa Mzee Abasi, mfanyabiashara wa asali na nta, ambaye ukoo wake uliteremsha mizigo Tabora enzi za misafara ya pembe na haukuipakia tena. Abasi alikuwa mtu wa sauti ya chini na tende za kukaribishia wageni.

"Kukopesha mimi sikopeshi, fundi," alisema. "Mikopo ina maneno mengi. Mimi nainunua nyumba yako, kiwanja na kila kitakachosimama juu yake, kwa elfu mbili. Wewe hutoki. Unakaa humohumo, unanilipa kodi shilingi ishirini kwa mwezi, kama mpangaji yeyote. Ndani ya miaka kumi, siku yoyote utakayoniletea elfu mbili zangu, nakuuzia tena kwa bei ileile. Kununua ni hiari yako. Wazee wetu waliiita bei ya hiari."

"Na ile kodi?"

"Kodi ni kodi. Nani aliyeiharamisha?"

"Ikipita miaka kumi?"

"Mauzo yametimia. Ukihama kabla, vilevile. Lakini miaka kumi, fundi! Na mikono hiyo? Utanirudishia upesi mpaka nione haya."

Nassibu aliona mlango umefunguka upande ambao hakuutazamia. Ishirini, si ishirini na tano. Hakuna riba, hakuna afisa. Mbele ya mashahidi wawili alitamka, "Nimeuza," na Abasi akatamka, "Nimenunua," wakala tende.

Jambo moja hakulifanya. Katika mtaa uleule alikaa Mwalimu Selemani, mwalimu wa dini, ambaye Nassibu alimwendea kwa kila swali. Aliwahi kumuuliza kama gundi iliyochemshwa kwa mifupa ya ng'ombe asiyejulikana nani kamchinja yafaa kuungia kitanda cha Mwislamu. Siku ile, akitoka kwa Abasi, alimwona Mwalimu barazani kwake, akavuka barabara akapita upande wa pili. Alijiambia kwamba ana haraka.

Nyumbani Tatu alisikiliza hadi mwisho.

"Yaani umeuza nyumba."

"Kwa hiari."

"Hiari ya nani?"

"Yangu! Mwanamke, naikomboa nikitaka."

"Mwenye kitu hakikomboi," Tatu alisema. "Anayekomboa ni aliyenyang'anywa."

Nyumba ilijengwa, na ilikuwa nzuri. Matofali mekundu, milango ya mninga aliyoipasua na kuiranda mwenyewe, mabati yaliyong'aa hadi njia ya Mtendeni. Watu walikuja kumpa hongera, na Nassibu hakuacha kuwaambia kwamba tofali lolote la nyumba ile halikuguswa na riba. Hakuwaambia kwamba ni ya Abasi.

Mwaka wa tatu ndipo alipouona ukuta wa kwanza wa kifungo chake. Alikuwa amekusanya shilingi mia tano kwa vitanda vya harusi, akazipeleka Mtendeni.

"Shikamoo, Mzee Abasi. Nimeleta za kuanzia."

"Marahaba, fundi. Za kuanzia nini?"

"Kupunguza ile elfu mbili."

Abasi alitabasamu kwa huruma. "Kupunguza hupunguzwa deni. Baina yetu hakuna deni. Wewe ndiye hukulitaka. Nyumba hainunuliwi chumba leo na ukumbi kesho. Kamilisha, uje."

Nassibu alirudi na fedha yake, nayo haikukaa. Fedha ya fundi ina miguu. Binti yao Siwema aliugua, mbao zikapanda bei, ndugu akafiwa. Kodi ililipwa kila mwezi, na elfu mbili ilibaki elfu mbili, imekaa pale kama jiwe la kusagia ambalo kila siku unalipitia na halipungui.

Mwaka 1971 redio ilipotangaza kwamba serikali inachukua majengo makubwa ya kupangisha, Nassibu alikimbia hadi Mtendeni na kiatu kimoja hakijafungwa, akihofu nyumba na hiari yake vitachukuliwa pamoja. Alimkuta Abasi akionja asali kwa kijiti.

"Nimesikia, fundi, nimesikia," Abasi alimwambia kabla hajauliza. "Serikali inataka maghorofa. Vibanda vyetu sisi hawavijui. Onja, ni ya miombo hii."

Akaonja. Ilikuwa tamu.

Mwaka 1974, vijiji vilipokuwa vikijengwa, viongozi wa Kigwa walimtumia ujumbe. Walihitaji fundi wa madawati ya shule. Wangempa kiwanja, shamba, na kazi ya kutosha hadi uzee. Siwema alikuwa ameolewa hukohuko. Tatu alikwisha kuanza kufunga vyombo.

"Fungua mzigo," Nassibu alimwambia. "Tukihama, imekwenda."

"Si ilikwishakwenda?"

"Bado nina hiari."

"Hiari ya kutoondoka!" Tatu alicheka kicheko kisicho na furaha. "Baba Siwema, hata mbuzi aliyefungwa ana hiari ya kuzunguka mti."

Wakabaki. Mwaka ule ule wa njaa, mia nane alizokuwa amezikusanya upya zilikwenda kwenye unga wa njano wa foleni, na walipokosa unga, kwenye michembe, vipande vya viazi vitamu vilivyokaushwa, ya kununua kwa kikombe. Nassibu alianza kulala kidogo. Alipiga randa mpaka viganja vikawa kama ubao, akiwa mtumwa wa nyumba ambayo watu wote walimhusudu nayo.

Ilipobaki miezi mitatu miaka kumi itimie, alikuwa na shilingi elfu moja na mia tatu. Siku moja alimkuta Eustace akipaka chokaa ukuta wake, akiimba.

"Nimebakiza mara tatu tu, jirani," Eustace alisema. "Reli wenyewe wanakata, hata nikitaka kuwa mkaidi sina nafasi. Kisha hati yangu."

"Jumla umelipa kiasi gani?"

"Nikimaliza, elfu tatu. Ghali! Elfu nzima ya bure. Lakini imekwisha."

Nassibu akapiga hesabu yake palepale, akiwa ameshika ukingo wa ndoo ya chokaa. Ishirini kwa mwezi kwa miaka kumi ni elfu mbili na mia nne. Na juu yake bado elfu mbili ileile. Ili aipate nyumba yake angetoa elfu nne na mia nne, mahali ambapo Mkatoliki mwenye kulipa riba ametoa elfu tatu. Zile shilingi tano alizojivunia kuziokoa kila mwezi ndizo zilizokuwa zikimtoa mwenzake kifungoni.

Jioni ile, mwishowe, alikwenda kwa Mwalimu Selemani. Mzee yule alimsikiliza bila kumkatiza.

"Aliyekupa elfu mbili na kula ishirini kila mwezi, kisha anangoja elfu mbili zake zirudi kamili, amefanya nini?" Mwalimu aliuliza. "Hiyo ni riba, Nassibu. Imevaa kanzu tu. Ulikuja kuniuliza habari ya gundi. Nyumba nzima hukuniuliza. Kwa nini?"

Nassibu alitazama mkeka. "Niliogopa utakataa."

"Basi jibu ulikuwa nalo."

Eustace alipopata habari, alikuja mwenyewe. Chama cha kuweka na kukopa cha wafanyakazi wa reli kingempa Eustace mia saba kwa jina lake mwenyewe. "Riba yake ni kidogo, na nimekueleza wazi usije ukasema nilikuficha. Utanilipa polepole. Chukua, jirani, ukamalizane na yule mzee."

Tatu alipiga magoti, jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu harusi yao. "Kama ni dhambi niandikiwe mimi. Chukua, baba Siwema."

"Watu watasema nini? Mimi, niliyesimama mbele ya mkutano?"

"Watu gani? Kuna anayelala humu?"

Nassibu alikataa. Alisema ni kwa ajili ya sheria yake. Lakini sheria ile alikuwa ameivunja kwa miaka kumi, tena alikwisha kuambiwa hivyo na mtu aliyemwamini. Riba angeweza kuimeza, maana alikuwa ameimeza kila mwezi. Lililomshinda kooni ni jina lake likitamkwa hadharani. Huo sio uchaji. Ni kiburi kilichojifunga kilemba, na wako wengi katika miji yetu wanaokisalisha mbele ya watu hadi leo.

Siku ilifika. Abasi alikuja kwa miguu, akabisha hodi kwa adabu, akakataa kiti. Alisema hana nia ya kumtoa mzee mwenzake nje. Wakae tu. Ila vitu vimepanda bei, nyumba ya matofali si kama ile ya udongo, na kuanzia mwezi ujao kodi itakuwa shilingi sitini.

"Nyumba ya matofali nimeijenga mimi," Nassibu alisema.

"Na umeijenga vizuri," Abasi alijibu.

Nassibu alipokea shilingi elfu mbili. Alilipa elfu mbili na mia nne, kisha sitini kila mwezi kwa miaka sita mpaka alipofariki akiwa mpangaji katika nyumba aliyoijenga kwa mikono yake. Kiwanja cha baba yake kilikwenda kwa watoto wa Abasi, na Tatu akaenda Kigwa kukaa kwa mkwewe.