Magunia ya Dada Yangu

Mtengeneza filamu alifika Iftin, mtaa wetu wa Garissa, akitafuta historia yetu, na jambo la kwanza aliloniomba ni nivue miwani. Alikuwa mtoto wa kwetu aliyelelewa ng'ambo. Kisomali chake kilimtosha kuomba chai tu. Nikawa mkalimani wake. Aliniita adeer, yaani ami, na siku ya pili akaniahidi nafasi ya kuigiza mzee wa wafugaji. Maisha yangu yote ya kazi nilikuwa karani wa ofisi. Ngamia nilimjua kwa maziwa yake. Lakini nilijaribishwa kikoi, nikashika fimbo, nikatazama mbali kama nilivyoagizwa. Kilichokuwa mbali ni choo cha jirani.

Sanaa yake ilikuwa na sheria moja: kisionekane kitu ambacho babu zetu hawakuwa nacho. Ndoo za plastiki zikafichwa. Mwenye ngamia wa kukodi akaamriwa azime simu, akanuna kuliko ngamia wake. Kisha tukafika kwenye aqal ya dada yangu mkubwa, kibanda chake cha fito zilizopindwa, nyuma ya nyumba yangu ya mabati. Juu ya mikeka alikuwa amekiziba kwa magunia, turubai kuukuu na kitambaa cha buluu. Kijana wa filamu akataka vyote vivuliwe.

Dada alisimama mlangoni mbele ya kamera, akaniambia, "Mwambie gunia hili ni la msaada, mwaka ngamia wa baba walipokufa wote. Turubai ni la mafuriko ya Tana. Hiki ni kitambaa cha marehemu binti yangu. Akivua haya, nitabaki na nini cha kumwonyesha?"

Kijana akauliza amesema nini. Jua lilikuwa linashuka, na zamu yangu ya fimbo ilikuwa bado.

"Anasema karibuni nyumbani," nikamtafsiria.

Wasaidizi wakavua kila kitu, wakatandika mikeka mipya, na hizo walizoziita takataka wakazichoma. Dada alidhani zimewekwa kando. Alizitafuta mpaka akafika kwenye majivu. Mimi nilikuwa nimeshika fimbo.

Filamu ilisifiwa sana ng'ambo. Mwishowe ikaletwa Garissa, katika ukumbi uliojaa watu ambao, kwa bahati yangu mbaya, wote wanajua Kisomali. Dada akatokea akitaja gunia, mafuriko na marehemu, na chini yake maandishi ya Kiingereza yakawakaribisha wageni nyumbani. Kicheko kilianza nyuma, kwa wanafunzi, kikakatika alipomtaja binti yake. Nilipotokea mimi na fimbo yangu, kikarudi na hakikukatika tena.

Kijana akaniinamia. "Adeer, wanacheka nini?"



Dada alikuwa ameketi upande wangu wa pili. Hakunigeukia. "Muda wote huu," alisema, "nilidhani hukunisikia."

Wiki iliyofuata nilimpelekea turubai jipya. Alilipokea kwa adabu, akashukuru, akaezekea banda la mbuzi.