Mgeni wa Chumba cha Kufulia

Wifi yangu ni dobi wa hospitali ya serikali, na wenzake walimbandika jina la Mgeni. Mgeni wa wapi! Alianza kufua mashuka pale mwanangu wa kwanza akiwa tumboni, na sasa huyo mwana ananyoa ndevu. Ila vibarua wa pale wana mtindo wanaofanyiwa: mkataba ukikaribia kukomaa, wanaambiwa, "Nendeni mkapumzike wiki moja." Wakirudi wanaandikwa upya, kama vile ndiyo kwanza wazaliwe. Hivyo hakuna anayefikia muda wa kudai ajira ya kudumu. Mwenye ujanja huo ni katibu wa hospitali, mtu mwenye kitambi cha heshima na akili ya panya wa ghalani.

Na wifi, kwa wema wake wa kijinga, alikuwa akiitwa hata ndani ya wiki hiyo hiyo. Mashine ya kufulia ni kuukuu, ikigoma haimsikii mtu ila yeye. Anakwenda, anaiwasha, anarudi na ahsante mkononi.

"Wifi, afadhali punda," nilimwambia. "Punda hupewa majani."

Akacheka tu. Nilitamani kumzaba kibao.

Ikatangazwa nafasi ya kudumu ya dobi. Sheria, hata mimi muuza mkaa naijua: aliyetumika mahali kama kibarua afikiriwe kwanza. Wifi akapiga pasi gauni lake zuri, akaenda kwenye usaili. Katibu akamtazama kama hajawahi kumtia machoni.

"Una uzoefu?"

"Bwana katibu, si unanijua?"

"Wewe ni kibarua wa juzi tu. Hatuwezi kukuhesabia uzoefu."

Kazi akapewa mpwa wake katibu, mwanamume mzima na tai yake, asiyejua kufua hata soksi. Mfyuu!

Wifi alikuja kwangu akalia. "Nilidhani wananiona," akasema. Nikamwambia machozi hayafui shuka, nikamkokota mpaka ofisi ya kazi. Afisa wa kule, mama asiyecheka ovyo, akampigia katibu simu mbele yetu. Katibu akakana: kibarua wa juzi.

"Nileteeni mtu mmoja tu wa pale aseme huyu alikuwepo miaka yote," afisa akatuambia. "Usaili huo nitautengua."

Tukawaomba vibarua wenzake. Kila mmoja akakumbuka ana mgonjwa nyumbani. Waoga wakubwa! Na wao ndio wanaopumzishwa.

Haukupita muda, mpwa akaiua mashine. Mashuka yakarundikana, chumba cha upasuaji kikakosa hata moja safi, madaktari wakaja juu. Sasa nani anabisha hodi kwa wifi, jasho linamchuruzika? Katibu, kwa miguu yake mwenyewe.

"Dada yangu," akaanza. Ebo! Juzi kibarua, leo dada. "Njoo utuokoe. Ile mashine hakuna aijuaye ila wewe."

Wifi alikuwa anachambua maharage. Hakuinua uso.

"Mimi ni mgeni pale, bwana katibu. Sina uzoefu."

Nusura nipige kigelegele.

"Usifanye hivyo, mama. Kuna watu wanasubiri kupasuliwa."

Hapo akaacha kuchambua. Lilimuuma, nilimwona. Akaweka ungo chini, akatafuta viatu vyake, nami nikasema moyoni, haya, punda huyo karudi kwenye mzigo. Nilimdharau kabisa. Lakini alipofika mlangoni akageuka.

"Ofisi ya kazi iko njiani," akamwambia katibu. "Tunapitia."

Katibu akakaa kwenye benchi na watafuta kazi, kitambi mapajani, mpaka afisa alipotuita.

"Huyu mama ana uzoefu?"

"Anao."

"Wa muda gani?"

Katibu akatazama viatu vyake.

"Mimi nilimkuta," akasema. "Siku naripoti kazini, yeye ndiye aliyenionyesha ofisi yangu."