Makaa Juu ya Kifuniko

Oveni imeanza kunukia mayai na mdalasini, nami nimekaa chini jikoni kwa sababu miguu imekataa. Nimetoka kazi ya usiku hapa Ruiru, na binti yangu anataka mkate wa mayai, ule wa kukauka, kwa chai ya saa nne.

Mama yangu naye alikuwa akitoka kiwandani Thika asubuhi, nywele zimejaa nyuzi za pamba. Jumamosi moja alichovya mkate wa jana kwenye mayai, akaupanga kwenye sufuria, akafunika, kisha akaweka makaa ya moto juu ya kifuniko ili ukauke pande zote.

"Ukianza kuungua niamshe," akaniambia, akaegemea ukuta, viatu vya kazi bado miguuni.

Moshi ulipotokea, nilimtazama alivyolala mdomo wazi. Nikayaondoa makaa kwa kijiko, polepole, bila kelele.

Alipoamka alikwangua ule weusi kwa kisu. "Woi, mbona hukuniamsha?"

"Haujaungua," nikasema.

Akatafuna. "Kweli, haujaungua."

"Mami," binti yangu ananiuliza sasa, "mkate ukianza kuungua nikuamshe?"

"Niamshe," namwambia, na ninajua hataniamsha.