Gaspar na Njia ya Chini

Gaspar Kasonso aliendesha magari ya serikali miaka ishirini na sita, na katika miaka hiyo yote aliandikiwa barua ya onyo mara moja tu. Barua hiyo aliitunza kuliko vyeti vyake. Ilikaa ndani ya sanduku la bati pamoja na picha ya ndoa na rozari ya marehemu baba yake. Mgeni akija nyumbani kwake Kawajense, mjini Mpanda, akishakula na kunawa, Gaspar aliitoa, akaikunjua taratibu kama mtu anayekunjua hati ya shamba, akasema, "Soma. Soma kwa sauti."

Vijana wa leo hawaelewi mtu kujivunia onyo. Wao hujivunia simu. Lakini ni vizuri mambo ya Gaspar yaandikwe kabla waliomjua hawajaisha wote, maana madereva wa namna yake wameshaisha.

Ilikuwa mwezi wa sita mwaka sabini na sita. Mkoa wetu wakati huo ulikuwa Rukwa, na makao yake Sumbawanga. Gaspar alipewa kazi ya kwenda huko Alhamisi kuchukua vipuri vya greda, awahi kabla stoo haijafungwa saa kumi jioni. Kwa kuwa Land Rover ilikuwa inakwenda tupu, aliambiwa ampakie na karani wa posta aliyepata uhamisho.

Karani huyo alikuwa Josephat, mtu wa Biharamulo, mgane asiye na mtoto, mwembamba, miwani imefungwa waya sikioni. Mji mzima ulimwita Bwana Posta. Miaka tisa alikuwa amekaa nyuma ya dirisha moja akigonga mihuri na kupokea simu za maandishi za misiba na za harusi. Jumatatu ya wiki ile Gaspar alipita dirishani kupanga safari, akamuuliza kwa utani:

"Bwana Posta, unatuacha. Mpanda umeipenda?"

"Nimeona nini cha kupenda, Gaspar? Dirisha hili, treni ile, na vumbi. Miaka tisa. Huko kwenu Mpimbwe mnakokusifia mimi nakujua kwa bahasha tu."

Hakusema kwa dharau. Alisema kama mtu anayetaja maradhi yake. Lakini Gaspar yalimchoma. Yeye alizaliwa Kasansa, huko huko Mpimbwe bondeni, kwenye mpunga, na hakuna kilichomuuma kama mtu kuondoka kwenye nchi ile akidhani ni vumbi. Akaenda moja kwa moja sokoni kumtafuta Pontien, dereva wa lori la mpunga, Mrundi aliyekuja mwaka sabini na mbili na ambaye sasa alizijua njia za Mpimbwe kuliko Wapimbwe wengine.

"Kesho unashuka Kasansa? Mwambie mama Alhamisi napita na mgeni. Apike wali mpya."

Pontien akacheka. "We Gaspa, watu wanaokwenda Sumbawanga hupita njia ya juu."

"Njia ya juu ni ya mizigo. Huyu ni mtu."

Alhamisi waliondoka jua halijachomoza. Nyuma kulikuwa na godoro lililofungwa kwa kamba ya katani, masanduku mawili, baiskeli na taa ya karabai. Hayo ndiyo yalikuwa maisha ya Josephat. Walipofika Sitalike, Gaspar akasimamisha gari darajani na kuzima injini.

"Shuka, Bwana Posta."

"Kuna nini? Pancha?"

"Shuka tu."

Chini, katika mto Katuma, viboko walikuwa wamejipanga kama magunia yaliyoanguka kwenye treni. Josephat aliweka mikono mfukoni akatazama kwa muda mrefu. Kiboko mmoja akafungua kinywa chote. "Anapiga miayo kama mimi saa nane mchana," alisema Josephat, na hapo Gaspar akamsikia akicheka kwa mara ya kwanza tangu amjue.

Mbugani waliona nyati, wakaona twiga waliokataa kutoka barabarani. Mahali ambapo njia inakaribia ziwa Katavi, Gaspar alipunguza mwendo, akafanya ishara ya msalaba, kisha akachukua tumbaku kidogo mfukoni na kuirusha nje kuelekea ziwani.

"Salamu hiyo ya pili ya nani?" Josephat akauliza.

"Ya mizimu, wenyewe wa ziwa. Kuna mkwaju wao kule. Baba alikuwa hapiti bila kuwasalimu, na babu vilevile."

"Padri anajua?"

"Padri naye nimempitisha hapa. Aliangalia upande mwingine."

Siku hizi magari yanapita pale yakiwa yamefunga vioo, muziki juu, na hakuna anayepunguza hata gia. Haya.

Baada ya mbuga njia iligawanyika. Upande wa kulia ilipanda kwenda Ufipa, njia ya siku zote. Upande wa kushoto iliteremka kwenda bondeni. Gaspar akakata kushoto.

"Dereva, kibao kinasema Sumbawanga kulia."

"Kibao kinasema kweli."

"Na stoo inafungwa saa kumi."

"Stoo itafunguliwa kesho, Bwana Posta. Wewe kesho utakuwa ndani ya dirisha lingine."

Josephat alivua koti, akalikunja, akaliweka magotini, na kuanzia hapo akawa anachungulia nje kama mtoto. Walipofika Majimoto alivua viatu akaingiza miguu kwenye mfereji wa chemchemi ya moto, akaitoa upesi, akairudisha. Mashamba yalikuwa yamekauka maji na mpunga umeinama, wa dhahabu kutoka barabarani hadi chini ya ukingo wa milima. Wanawake walikuwa wanavuna kwa visu vidogo, suke kwa suke, wakiimba. Gaspar alimwelezea mpunga upi ni wa kula, upi wa mbegu, na upi hauuzwi hata kuwe na shida gani kwa kuwa ni wa wageni. Koo lilikuwa limemkauka kwa kusema, na hakuwahi kuwa na furaha kama ile nyuma ya usukani.

Walipokaribia Kasansa, akasikia ngoma.

"Kuna harusi," alisema. Lakini haikuwa harusi. Barabarani palikuwa pamesimamishwa tao la makuti ya mivumo. Wanafunzi walikuwa mistari miwili na bendera za karatasi. Mbele yao alisimama Mwenyekiti wa kijiji, Maximilian, amevaa koti la suti juani, na pembeni yake mama yake Gaspar, bibi Romana, amejifunga vitenge vipya viwili, uso unang'aa kama aliyepakwa samli.

Gaspar alielewa yote kabla gari halijasimama. Pontien alifikisha ujumbe sawasawa, na mama aliwaambia majirani neno lilelile: mwanangu anakuja na mgeni, kwa gari la serikali. Ila katika miaka ile ya kuhamishiwa vijijini, nani aliwahi kushuka kutoka kwenye gari la serikali Kasansa asiwe mkubwa? Watu walijijazia wenyewe. Kufika Jumatano kijiji kilikuwa kimeshachinja mbuzi.

"Karibu sana, Ndugu Mgeni Rasmi!" Maximilian alifungua mlango upande wa Josephat.

Karani alimtazama Gaspar. Gaspar alitazama usukani.

Waliketishwa kwenye viti viwili vilivyotandikwa vitambaa vya kufuma. Nyimbo zikaimbwa. Bibi Romana alikuwa anazunguka kwa wanawake wenzake, sauti yake inasikika juu ya ngoma: "Nyie si mlisema Gaspa wangu ni wa kupakia mafuta na matairi? Haya, tazameni alichopakia leo!" Kisha Pelagia, katibu wa kijiji, akasimama na karatasi mbili zilizokunjwa vizuri, akaanza kusoma risala.

Gaspar alikuwa amezisikia risala mia. Hii aliisikia kama mtu anayesomewa kesi. Kijiji kilimshukuru mgeni rasmi kwa kuacha kazi zake nyingi. Kijiji kiliomba kalvati, maana masika gari halivuki na wajawazito wawili walikuwa wamefia ng'ambo. Kijiji kiliomba dawa. Kijiji kiliomba pia habari ya barua itazamwe, kwa sababu barua za watu wa Kasansa zinalala Mpanda miezi mpaka apatikane wa kuzileta. Kila ombi Pelagia alilisoma mara mbili, akimtazama mgeni. Mtu hasomi hivyo kwa jambo asilolitumainia.

Josephat aliinamisha kichwa. "Gaspar," alinong'ona, "niseme nitalishughulikia? Ndivyo wanavyosema, si ndiyo?"

Ingekuwa rahisi. Mgeni angeahidi, wangekula, wangeondoka, na mama yake angekufa akiwa mama wa mtu aliyemleta mkubwa. Lakini kijiji kingekaa kinasubiri kalvati. Kila gari likisikika wangetoka nje kutazama. Na angekuwa yeye, mtoto wao, aliyewakalisha wakisubiri.

"Usiseme," Gaspar akamjibu, akasimama mwenyewe.

"Mwenyekiti, mama zangu, baba zangu. Huyu si mkubwa. Huyu ni karani wa posta, amehamishwa, nampeleka Sumbawanga. Njia yetu ilikuwa ya juu. Mimi nimemleta huku kwa siri, bila ruhusa, kwa sababu amekaa Mpanda miaka tisa na hajaona kwetu. Nilitaka aone, basi. Kalvati hana. Dawa hana. Nisameheni."

Ngoma moja iliyokuwa inagongwa kidogokidogo ikanyamaza. Kisha sauti ya mwanamume ikatoka nyuma: "Mbuzi wetu basi! Kachinjiwa karani!" Watu wakacheka, kicheko kibaya, na Maximilian akaanza kufungua vifungo vya koti lake kimoja kimoja. Gaspar hakuthubutu kumtazama mama yake.

Lakini bibi Romana alikuwa ameshaingia katikati.

"Kaa kimya huko, Telesfori, mbuzi mwenyewe hukutoa wewe," alisema. "Nisikilizeni. Mwaka juzi walikuja wakubwa. Mmoja alikuja kutuhesabu. Mwingine alikuja kutuambia tuhame. Wa tatu alikuja kuuliza mbona hatujahama. Nani alikuja kututazama tu? Nitajieni mmoja. Huyu mwanangu kamleta mtu akaone mpunga wa baba yake. Wali ni wake na mbuzi ni wake. Asiyetaka aende akavune."

Hakuna aliyekwenda kuvuna. Josephat akasimama, akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Mimi si mtu wa hotuba," alisema kwa sauti ileile ya dirishani. "Naomba kuuliza. Nani hapa ni Marsela Kapele?"

Mwanamke mzee akainua mkono kwa hofu.

"Bahasha zako zinatoka Tanga, mkongeni. Anayekuandikia anatumia wino wa kijani, na herufi ya M anaiandika kama mlima. Ni mwanao?"

"Ni mwanangu," akasema Marsela.

"Makarius Sungura? Wewe ni Dar es Salaam, kila Krismasi, stempu mbili hata ingetosha moja. Anicet fundi cherehani? Yako huchukuliwa na padri wa misheni ya Mamba." Akaendelea. Aliwaita zaidi ya ishirini, bila karatasi. Kila aliyeitwa alisogea mbele, na kila mmoja alimtazama kwa macho ambayo Josephat alikuwa hajawahi kutazamwa nayo maisha yake yote. "Nimewashika mikononi miaka tisa," alisema mwishoni, "nikadhani nyie ni majina. Kalvati siwezi. Barua naweza."

Walimpigia vigelegele kuliko walivyowahi kumpigia mkubwa yeyote. Maximilian alifunga tena vifungo vyake, akaagiza wali uletwe. Na bibi Romana, alipompelekea mwanawe sahani, alimpiga kofi dogo begani na kumwambia maneno ambayo Gaspar aliyarudia hadi uzeeni: "Baba yako angekuwepo, leo angekaa kiti cha mbele."

Ukingo waliupanda upande wa Muze jua likiwa limeanza kushuka. Juu kabisa, kabla ya baridi ya Ufipa kuanza, Josephat mwenyewe ndiye aliyeomba gari lisimame. Ziwa Rukwa lilikuwa limelala chini yote, jeupe kama chuma, na kando yake bonde la mpunga na moshi wa vijiji.

"Kasansa ni ipi?" akauliza.

Gaspar akamwonyesha kwa kidole.

"Ule moshi wa mwisho?"

"Ule."

Stoo walikuta imefungwa. Vipuri vilichukuliwa Ijumaa, greda lilichelewa siku moja, na barua ya onyo ilifika wiki iliyofuata, ikimtaka ndugu Gaspar Kasonso aeleze kwa maandishi kwa nini alitumia siku nzima na mafuta ya ziada katika safari ya kawaida. Alijibu kwa mstari mmoja, kwa mwandiko wake wa darasa la nne, na nakala yake ilikuwa imebandikwa nyuma ya onyo lile: *Nilikuwa namwonyesha mgeni kwetu.*

Josephat naye alikuwa amemwandikia karani aliyekaa dirishani mwake. Tangu mwezi wa saba, barua za Kasansa zilitengwa katika mfuko wao wenyewe, na kila Jumamosi Pontien aliuchukua kwenye lori. Mfuko huo ulishuka bondeni miaka kumi na moja bila kupotea hata bahasha moja. Kalvati lilichelewa zaidi, na lilipojengwa walikuja wakubwa saba kulizindua, wakala, wakapigwa picha, wakaondoka kabla wali haujapoa.

Siku hizi watalii wanaletwa Katavi kwa ndege ndogo, wanaonyeshwa viboko, wanarudishwa. Mpimbwe hawafikishwi. Barua hakuna anayeandika, na ukimuuliza kijana wa posta nani ni nani Kasansa, atakutazama kama umetoka mwezini.

Gaspar alikuwa hawalaumu sana. Alikuwa anakunja onyo lake taratibu, palepale penye mikunjo ya zamani, analirudisha juu ya rozari ya baba yake, halafu anamuuliza mgeni: "Na wewe, Kasansa umefika? Bado? Basi kesho tunashuka."