Dua Iliyogeuzwa Kura

Kwetu mgeni akimaliza kuhutubia baraza, hata kama hajasema la maana, watu hufungua viganja na kumwombea dua. Ni adabu tu. Hata aliyekuja kutunyima kitu huondoka ameombewa heri.

Ndivyo tulivyofanya kampuni ya mafuta ilipokuja na kikundi cha mazingira inachokifadhili. Walitaka kuzungushia seng'enge malisho yetu ya kiangazi, kando ya Tana, wapande miti. Walitugawia fulana za kijani. Mzee mmoja akaomba dua, sote tukainua mikono, Hooyo, mama yangu, akiwa mbele upande wa wanawake. Mpiga picha wao hakulaza damu. Punde picha ile ikawa kwenye bango mjini Garissa: jamii imekubali kwa kauli moja. Seng'enge ikafuata.

Kiangazi kilipobana, ng'ombe wa Hooyo walisimama nje ya waya wakinusa nyasi za ndani. Walikufa mmoja mmoja, wote. Akahamia kwangu, mtaa wa Galbet mjini Garissa. Aliyezoea kuamka akakamue sasa anaamka na kukaa kitandani, hana la kufanya. Inaniuma mpaka leo.

Kiangazi hicho hicho alikuja kijana wa Nairobi kutengeneza filamu kuhusu makampuni yanayonunua midomo ya watetezi wa mazingira. Alifanya kazi safi, siwezi kumnyima haki yake. Aliisimamisha picha ile ya mikono, akaeleza kwamba ni dua, si kura. Alipotuonyesha filamu mjini, watu wa maofisi ya mjini walipiga makofi. Mimi nililia kwa hasira.

Hooyo hakulia. Alitengeneza shungi lake, akamwendea yule kijana na Kiswahili chake cha sokoni.

"Mwanangu, filamu yako mzuri. Sasa ile waya wanatoa lini?"

Kijana akainamisha kichwa. "Mama, kazi yangu ni kuonyesha tu. Itazunguka nchi nyingi."

"Haya," akasema Hooyo.

Njiani aliniuliza kuhusu zile picha za kwenye filamu zilizopigwa kutoka juu. Miche mingi ilikuwa imekauka, ila nyasi za ndani ya waya zilikuwa zimefika magotini. Alitaka kujua kama zilipigwa wakati ng'ombe wake wakifa. Nikamwambia ndiyo.

"Nyasi zile zingewatosha," akasema.